Mnara Bila Daftari

Wahenga walinena kuwa mali bila daftari hupotea bila habari. Aghalabu methali hii hutajwa pale mfanyabiashara anapofilisika asijue fedha zake zimekwenda wapi. Hata hivyo, majengo nayo ni mali, na lugha ni mali vilevile. Mnara wa taa wa kisiwa cha Pharos, uliosimama mbele ya bandari ya Iskandaria nchini Misri, ni mfano mwafaka wa mali iliyopotea lakini habari zake zikabaki. Kisa chake kinamhusu mwanafunzi wa Kiswahili kuliko anavyodhani.

Pwani ya Iskandaria ni tambarare. Haina mlima wa kumwongoza nahodha atokaye bahari kuu, na mlango wa bandari yake ulikuwa na miamba ya kuvunja vyombo. Mahali pasipo mlima, wafalme waliamua kuujenga. Kazi ilianza katika enzi ya Ptolemy wa Kwanza, ikakamilika chini ya mwanawe, Ptolemy wa Pili, yapata mwaka wa 280 kabla ya Kristo. Jina la Sostratus wa Cnidus lilichongwa katika mawe yake. Mnara ulikuwa na sehemu tatu zilizopandana: ya chini ilikuwa ya mraba, ya kati ya pembe nane na ya juu ya mviringo. Moto uliwashwa kileleni, na wataalamu wengi wanakadiria kuwa kimo chake kilifika mita 100 au zaidi. Uliwaongoza mabaharia kwa zaidi ya miaka elfu moja.

Lakini hakuna marefu yasiyo na ncha. Tetemeko la mwaka 956 liliudhuru, na yale ya mwaka 1303 na 1323 yakaumaliza nguvu. Mnamo mwaka 1477, Sultani Qaitbay alianza kujenga ngome mahali pale pale, na baadhi ya mawe ya mnara yakaingia katika kuta zake. Mengine yalilala chini ya maji hadi mwaka 1994, wapiga mbizi wa kikundi cha Jean-Yves Empereur walipoanza kuyachunguza kwa utaratibu. Mwaka 2025, mawe makubwa 22, yakiwemo ya vizingiti na miimo ya mlango, yaliinuliwa kutoka baharini.

Swali ni hili: ikiwa mnara ulianguka zamani hivyo, umbo lake lilijulikanaje kabla ya jiwe hata moja kuopolewa? Jibu ni kwamba kulikuwa na daftari. Sarafu za kale zilikuwa na picha yake. Fauka ya hayo, wapo wasafiri walioutazama kwa makini wakaandika. Katika karne ya 12, al-Balawi, mwenyeji wa Malaga, aliupima sehemu baada ya sehemu. Naye Ibn Battuta aliuona mwaka 1326, akakuta upande wake mmoja umebomoka; akapima upana wa kuta zake kwa shibiri. Aliporejea mwaka 1349 hakuweza hata kuufikia mlango. Kati ya safari hizo mbili, mwaka 1331, msafiri huyo huyo alitia nanga Mombasa na Kilwa, na aliyoyaandika huko ni miongoni mwa ushahidi wa thamani kuhusu Waswahili wa karne ile.

Si kila kilichoandikwa juu ya Pharos ni cha kuaminika. Wapo waliosimulia kioo cha ajabu kilichochoma meli za maadui zikiwa mbali. Ngano hizo zinapendeza, lakini waliomsaidia mjenzi wa leo kuuchora upya ule mnara ni wale waliohesabu shibiri.

Hapa ndipo Kiswahili kinapoingia. Neno la Kiarabu manara, lenye maana ya mahali pa nuru, lilipofika pwani lilivikwa kiambishi cha ngeli ya M-MI, likawa mnara, wingi minara. Neno moja likatosha kwa msikiti, kwa taa ya baharini na sasa kwa mitambo ya simu. Rubani naye alikuwa mwelekezi wa vyombo majini kabla ya kupaa angani. Maneno haya yamesalia kwa sababu yalipata kazi mpya. Je, yale yasiyopata kazi? Foromali, demani na ngama ni maneno ya jahazi. Zidaka ni neno la fundi wa nyumba za mawe. Mwanafunzi anaweza kuhitimu shahada ya Kiswahili bila kukutana na hata moja kati yake nje ya kurasa za kamusi.

Wapo watakaodai kuwa kazi hii ni ya wanahistoria na wasanifu wa majengo, na kwamba idara za Kiswahili zina sarufi na fasihi za kushughulikia. Dai hilo halina mashiko. Msanifu hupima ukuta, lakini jina la kila sehemu ya ukuta, na sababu ya kuitwa hivyo, ni mali ya lugha. Isitoshe, kamusi hutoa maana ya neno tu. Haionyeshi mkono wa fundi ukifanya kazi.

Kwa hivyo, vyama vya wanafunzi havina budi kufanya ziara za pwani kuwa ziara za daftari. Badala ya kupiga picha mbele ya magofu na kurudi, kila mwanafunzi aketi na fundi au nahodha mmoja, aandike istilahi zake, achore umbo na kupima. Ibn Battuta aliondoka Iskandaria mnara ungali umesimama. Miaka 23 baadaye mlango wake haukufikika.