Tulizunguka vidole vya Bukavu kwa batau



Juma hili hatutazungumza juu ya jiko wala juu ya madaftari. Tutawapeleka ziwani.

Sisi watu wa Bukavu tunalala kando ya Ziwa Kivu, tunafua nguo kwa maji yake, tunakula sambaza zake. Lakini wengi wetu hatujawahi kupanda batau kwa ajili ya kutazama tu. Tunapanda kwa sababu kuna biashara Goma, kuna ndugu mgonjwa Idjwi, kuna matanga Kalehe. Na watoto wetu? Masomoni tunawafundisha kwamba mji wao umejengwa juu ya rasi tano, kama mkono uliotia vidole majini. Mtoto anaandika, anapata pointi zake, basi. Vidole vyenyewe hajaviona, kwa sababu ukiwa juu ya mkono huwezi kuona umbo la mkono.

Kwa hiyo sisi wamama wanane wa likelemba yetu tulikubaliana kuweka franka kidogo kila juma, kwa majuma sita, ili watoto wetu kumi na wawili wazunguke mji kwa maji, mwendo wa saa moja tu, asubuhi, kisha kurudi nyumbani. Jumamosi iliyopita siku ilifika. Tulishuka ufukweni saa mbili na nusu na mandazi, karanga za kukaanga, na kreti moja ya sukre ambayo watoto walikuwa wameiota usiku kucha.

Mwenye batau alikuwa anatungojea. Ni papa mwenye heshima, moteri yake ni nzima, batau imepakwa rangi vizuri. Alituambia, “Bamama, muingie tu, ziwa imelala.” Na kweli, maji yalikuwa kama kioo. Watoto walikwisha kuvua viatu.

Hapo mama mmoja kati yetu akasema kwa sauti ya chini, “Kwanza tuhesabu jile.” Mama huyu hasemi sana katika mikutano. Wale wanaomfahamu wanajua kwamba mdogo wake alikufa katika ziwa hili, katika batau iliyojaa watu na magunia. Siku ile ya msiba hakuna aliyekuwa amehesabu kitu.

Tulihesabu. Jile, zile koti za kuelea, zilikuwa kumi na nne. Kubwa nane, za watoto sita. Moja kati ya zile kubwa ilikuwa na kifungo kilichovunjika, kwa hiyo zikabaki saba. Mwendesha batau na msaidizi wake ni lazima wavae pia, kwa maana wakianguka wao, nani atatuokoa? Zikabaki tano kwa wamama. Na watoto ni kumi na wawili, jile zao ni sita.

Papa akacheka kidogo. Akasema batau yake inabeba watu ishirini na watano, na kwamba tunazunguka karibu tu, hatuendi Goma. Tukamjibu, “Papa, batoto beko kumi na mbili, jile zabo ni sita. Hesabu inakatala.” Tukamwomba afanye mizunguko miwili: watoto sita na wamama wanne kwanza, kisha wengine. Akauliza, “Na esanse ya muzunguko ya pili itatoka wapi?” Lilikuwa swali la haki. Hatukuwa na franka nyingine. Tulitazamana, kisha tukarudisha ile kreti ya sukre dukani, muuzaji akatupa pesa zetu, nazo zikawa esanse. Watoto wawili walilia. Mmoja wao ni wetu wenyewe, na hatukumnyamazisha haraka, maana sukre ni jambo kubwa kwa mtoto wa miaka saba.

Basi tukaondoka, kikundi cha kwanza. Moteri ilipokamata mwendo, watoto walinyamaza. Mji ulianza kugeuka mbele ya macho yetu.

Jambo la kwanza walilotambua ni rasi ya La Botte. Wafaransa na Wabelgiji wanaita buti “botte”, na tangu barabarani mtoto hawezi kujua kwa nini jina hilo. Tangu majini anaona nchi inavyojinyoosha na kukunja. Baadaye wakahesabu vidole vingine, Nyalukemba, Muhumba, Nguba, na kubishana wapi kidole kinaanzia. Juu kabisa waliona kuba la kanisa kuu. Halafu wakaona vilima vya Kadutu, nyumba juu ya nyumba, na pale ambapo mvua imebomoa udongo pamebaki alama nyekundu kama kidonda. Msichana mmoja akasema, “Nyumba yetu iko karibu na ile nyekundu.” Hatukupata neno la kumjibu mara moja. Nyumbani kwao wanaona ukuta na mlango. Siku hiyo aliona mlima wote.

Kando ya maji mitumbwi ya wavuvi ilikuwa imepumzika, mitatu mitatu imeunganishwa kwa miti mirefu, nyavu zikikauka. Tuliwaeleza watoto kwamba sambaza hawakuwa wa ziwa hili. Waliletwa kutoka Ziwa Tanganyika mwishoni mwa miaka ya 1950, wakazaana, na leo ni chakula cha maskini na tajiri. Wavuvi wanawatafuta usiku kwa taa, na wanaimba wakipiga kasia ili mikono yote iende pamoja. Watoto waliuliza kuhusu mamba na viboko. Ziwa Kivu halina mamba wala viboko. Waliuliza kuhusu gesi, maana wamesikia kwamba ziwa letu lina gesi ya kuwaka. Ndiyo, ipo, lakini imefungwa chini sana, katika vilindi vya zaidi ya mita 250, huko ziwa linapokuwa kubwa. Ziwa lote linafika karibu mita 485 kwenda chini. Haitoki kwa sababu moteri yetu inapita juu.

Kwa mbali papa alituonyesha mahali Ruzizi inapotoka ziwani, katikati ya nchi yetu na Rwanda. Hakukaribia. Lakini somo zuri la jiografia tulilipata pale. Maji yale yanaondoka kwetu, kwenye mita karibu 1460 juu ya bahari, yanateremka kilomita 117 mpaka Ziwa Tanganyika upande wa Uvira. Kutoka Tanganyika yanatoka Kalemie kwa mto Lukuga, yanaingia Lualaba, yanakuwa mto Kongo, yanapita Kisangani na Kinshasa, na kufika bahari kule Banana. Mvulana mmoja aliona chupa ya plastiki ikielea, akauliza kama nayo itafika Kinshasa. Tukamwambia haitafika huko, kwa maana itakwama kwanza katika bwawa la umeme la Ruzizi. Taka za namna hiyo hukusanyika mbele ya mashine, wafanyakazi huzitoa kila mara, na mashine zikisongwa, umeme unakatika nyumbani. Yule mvulana alitazama mfuko wa karanga mkononi mwake, akaukunja na kuutia mfukoni.

Tulirudi, kikundi cha pili kikaingia, pamoja na yule mama aliyehesabu. Ilikuwa imekaribia saa tano na upepo ulikuwa umeanza. Wavuvi wanajua tabia hiyo: asubuhi ziwa linalala, baadaye linaamka. Wakati wa kugeuka kwenye ncha ya rasi, wimbi moja lilipiga ubavuni, batau ikainama, maji yakatulowesha sote mpaka kifuani. Watoto walipiga kelele. Mama yule alishika mkanda wa mtoto aliyekuwa karibu naye, na mkono mwingine akaushika ubao, uso wake umekauka. Batau ikasimama sawa. Haikuwa ajali, lilikuwa wimbi tu. Lakini kila mmoja wetu alifanya hesabu nyingine kichwani: tungekuwa ishirini na wawili ndani, na watoto sita bila jile, wimbi lile lile lingetukuta namna gani?

Ufukweni papa alizima moteri, akakaa kimya, kisha akasema, “Bamama, mulifanya muzuri.” Tunamheshimu kwa neno hilo.

Wamama, hatusemi haya ili muogope ziwa. Ziwa ni barabara yetu, hasa wakati barabara ya nchi kavu imekatika. Mnakumbuka mwezi wa kumi 2024, vita vilipokuwa vimefunga njia, batau iliyotoka Minova ilizama mbele ya bandari ya Kituku, Goma, karibu kabisa na nchi kavu, watu wakiitazama kwa macho. Ilikuwa imejaa kupita kiasi, na watu zaidi ya sabini walikufa. Mnakumbuka pia mwezi wa nne 2019, upande wa Kalehe. Baada ya msiba ule Rais wa Jamhuri aliagiza kila msafiri avae jile. Agizo lipo. Lakini agizo haliwezi kuhesabu jile asubuhi ufukweni. Sisi tunaweza.

Kwa hiyo tulipokutana Jumatatu tuliandika mambo manne, nasi tunawaomba kuyasoma katika vikundi vyenu.

Kwanza, hesabu kabla ya kulipa. Ukiisha kutoa pesa, mdomo wako unakuwa mzito. Uliza batau ina jile ngapi, ziko wapi, na watu ni wangapi. Jile iliyofungwa chini ya magunia si jile.

Pili, ipime juu ya mtoto. Funga vifungo vyote, kisha vuta jile kwa mabega kwenda juu. Ikipanda mpaka masikioni, ni kubwa mno. Ndani ya maji mtoto atateleza na kutoka. Ile yenye mkanda wa kupita katikati ya miguu ni bora kwa wadogo.

Tatu, na hili tunalisema kwa nguvu: ndani ya batau usimfunge mtoto mgongoni kwa kikwembe. Jile humlaza mtu chali, uso juu. Mama ataelea akipumua, na mtoto aliye mgongoni atakuwa chini ya maji. Mfungue, mpakate mbele, na yeye awe na jile yake.

Nne, safiri asubuhi ukiweza, na ukiona batau imejaa, ngojea nyingine. Tunajua ni vigumu. Nyanya zinaoza, mteja anangoja, na watu watakuambia unajifanya mkubwa. Mama mmoja akikataa peke yake, anachekwa. Wamama wanane wakikataa pamoja, mwenye batau anatafuta esanse. Ndiyo faida ya kikundi, na haihitaji kuongezewa franka.

Watoto, kwa upande wao, walichora. Tuliwapa karatasi siku ya Jumatatu na kuwaomba wachore mji wao. Wote kumi na wawili walichora mkono ndani ya maji, wengine kwa vidole vinne, mmoja kwa vidole saba. Tulisahihisha kwa upole. Lakini katika kila picha kulikuwa na batau ndogo, na ndani yake watu wenye vifua vya rangi ya machungwa, wote, hata mwenye batau. Hatukuwa tumewaagiza kuchora jile.

Kreti ya sukre tumewaahidi kwa Krismasi. Wanaikumbuka kila siku.

Tuonane juma lijalo. Kikundi kitakachotaka kuzunguka vidole vya mji kituambie, tutawapa hesabu yetu yote, pamoja na bei ya esanse ya mizunguko miwili.