Msako wa vyeti bandia umemkamata Bakari wetu

Juzi nilimpokea mpwa wangu katikati ya jiji la Nairobi, ametoka Lamu kwa basi kupitia Mombasa. Aliitwa kwa usaili katika taasisi moja ya umma kule Westlands. Maswali yalikwisha chini ya nusu saa. Siku tatu zilizofuata zililiwa na jina lake.

Cheti chake cha KCSE kinasema Bakari. Kitambulisho kinasema Abubakar. Kwetu Pwani hakuna asiyejua kwamba hilo ni jina moja, na kwamba tahajia hutegemea karani aliyeshika kalamu siku ile. Kwa mkaguzi wa Westlands, hao walikuwa watu wawili.

Silaumu ukaguzi wenyewe. Februari 2024 Tume ya Utumishi wa Umma (PSC), chini ya mwenyekiti wake Anthony Muchiri, ilitangaza kwamba watumishi 2,067 walipatikana na vyeti bandia, kati ya takriban 28,000 waliokaguliwa. Ni kama watu saba katika kila mia. Kila mmoja alikalia kiti cha mtu aliyekesha akisoma, na mshahara alioupokea ni kodi yetu.

Ninachouliza ni jinsi walivyopita mlangoni. Kwa miaka mingi anayetafuta kazi ya serikali ameagizwa karatasi tano kwa jina la Sura ya Sita ya Katiba: cheti cha ushuru cha KRA, cha bodi ya mikopo HELB, cha maadili mema cha polisi, cha shirika la CRB, na fomu ya EACC. Zipange mezani uzisome. Hakuna hata moja inayosema kama ile C+ ni yako. Mghushi naye hulipa ushuru, na pengine hana deni popote, kwa hivyo karatasi hizo tano huzipata kama mtu yeyote. Wanaojua ukweli wa cheti ni Baraza la Mitihani (KNEC) na chuo kilichokitoa, basi.

Kwa hiyo mzigo ni mzito na haumfikii aliyekusudiwa. Mwaka 2022 sheria ya ajira ilirekebishwa ili mwajiri asidai vyeti hivi mpaka awe amenuia kumwandika mtu kazi. Hata hivyo matangazo ya kuambatanisha kila kitu na barua ya maombi bado tunayaona. Ukiomba kazi kumi, karatasi zingine huisha muda kabla hujajibiwa hata moja, ukalipia upya.

Na tazama ramani. PSC iko Harambee Avenue, KRA iko Times Tower, HELB iko Anniversary Towers. Mtu mwenye miguu mizima huzunguka zote tatu asubuhi moja. Zote ni za serikali ileile, na kumbukumbu zote ni zake. Lakini anayebeba habari kutoka mlango mmoja hadi mwingine ni kijana asiye na kazi, kwa nauli ya mjombake. Mwajiri aliyekwisha kumchagua mtu angeweza kuiuliza KNEC mwenyewe, na kulipia mwenyewe.

Kwetu karatasi zina historia yake. Wapemba wa Kwale na Kilifi walisubiri hadi 2023 kutambuliwa kuwa raia. Agizo la Rais la kukomesha mchujo wa ziada kwa wanaoomba kitambulisho lilikuja Februari 2025 tu. Aliyepata kitambulisho kwa kuhojiwa mara tatu huwa hathubutu kurudi kusema herufi mbili zimekosewa. Huacha hivyo hivyo, mpaka siku ya kazi.

Tulimtafuta wakili mjini akaandika hati ya kiapo. Taasisi ikaipokea kwa shingo upande, ikataka pia hati rasmi ya jina, ile inayosajiliwa na kutangazwa katika Gazeti Rasmi la serikali, ndani ya siku 14. Masjala ya Pwani iko Mombasa. Mpwa wangu amepanda basi la usiku, na hesabu ya siku ilianza jana.