Usuluhishi wa Ardhi Usiwe Danadana



Tangu mwaka 2021, baraza la kata nchini Tanzania halitoi tena hukumu katika mgogoro wa ardhi. Kazi yake ni kusuluhisha tu. Siku 30 zikipita bila suluhu, mlalamikaji ana haki ya kwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya.

Mjane mmoja wa huku kwetu hakuambiwa hivyo. Shemeji yake aling'oa minyaa ya mpakani akalima hadi karibu na jiko lake. Kila akienda barazani, leo akidi haijatimia, kesho katibu kasafiri. Mahindi ya shemeji yanazidi kukomaa.

Halmashauri zibandike utaratibu huu kwenye kila ofisi ya kata. Wasomaji mliozungushwa hivi, mlifanyaje?

Msomaji,
Morogoro