Kaka wa Barabara kwenye TV, Njoo Ifakara Masika

Yule kaka wa suti ya bluu anayechambua barabara kwenye TV karudi tena wiki hii. Jina liwekwe pembeni, mnamjua. Ndiye yule ambaye kila likizinduliwa daraja lazima aitwe studio, na akianza kuongelea SGR mtangazaji hapati hata nafasi ya kumeza mate.

Kwa haki yake, jamaa anajua. Anaeleza mambo ya mwendokasi mpaka muuza chipsi anaelewa. Wengine wakiitwa wanasifia tu, jicho lote liko kwenye uteuzi.

Ila alipoulizwa kuhusu bonde la Kilombero akajibu kule mambo tayari, daraja lipo, akahamia foleni ya Ubungo. Sekunde kumi, imeisha hiyo!

Daraja lipo, kweli. Mita 384, lilizinduliwa 2018 kwa jina la Magufuli, na hakuna mtu wa Ulanga atakayelibeza, maana wanakumbuka kivuko kilivyozama Januari 2016 kikiwa na magari na watu. Zamani kwenda Mahenge mtu alianza na dua. Lakini daraja ni mita, bonde ni kilomita. Lami ya Kidatu mpaka Ifakara ni kama kilomita 67 tu, na watu wamekula vumbi lake miaka na miaka wakiisubiri. Geuka sasa upande wa Mlimba, masika. Lori la mpunga linalala kwenye tope, dereva anapika ugali chini ya tela. Mama mjamzito anayetakiwa kufika hospitali ya rufaa ya Mtakatifu Fransisko pale Ifakara anapandishwa bodaboda, kanga imefungwa tumboni, wawili wanasukuma. Mafuriko ya 2024 watu wa huko hawajayasahau. Hiyo nayo ni usafiri, au usafiri ni wa wenye foleni tu?

Na cha kushangaza zaidi, mtu anayependa reli vile hakuitaja TAZARA hata kwa bahati mbaya. Reli imejengwa kati ya 1970 na 1975, inapita Ifakara, inapita Mlimba, inaenda mpaka Zambia. Barabara ikikatika, watu wanakaa stesheni na magunia yao kuisubiri hiyohiyo, ichelewe isichelewe. Haina viti vya kung'aa vya kupigia selfi, labda ndiyo maana.

Baiskeli hata tusiziguse. Ifakara nzima inaendeshwa na baiskeli, kuanzia mwanafunzi mpaka bibi mwenye ndoo ya samaki, na hakuna studio iliyowahi kuuliza zinapita wapi malori yakija.

Kaka, mashabiki wako bado wanakupenda. Aprili panda treni ushuke Mlimba, kurudi Ifakara uje kwa barabara. Suti acha nyumbani, beba gambuti.