Chokoleti Husagwa kwa Jiwe

Wengi wetu tukitaja chokoleti tunafikiria kitu kilichofungwa kwa karatasi inayong'aa, kinachotoka kiwandani na kununuliwa kwa nadra, labda mtoto anapofaulu mtihani. Ndiyo maana tulicheka tulipoambiwa kwamba katika mji wa Oaxaca, kusini mwa Meksiko, mtu anaweza kujifunza kuitengeneza kwa siku moja, jikoni kwa mama wa kawaida, bila mashine hata moja. Tulikuwa wanne, tukitoka katika mkutano wa wanawake wa makanisa, na tulikuwa na siku mbili za kupumzika. Wengine walikwenda kutazama magofu ya kale. Sisi tulikwenda jikoni.

Mama aliyetufundisha ni mjane mwenye umri wa miaka sitini na zaidi. Kazi hii alifundishwa na mama mkwe wake, na kwa kuwafundisha wageni amewasomesha watoto wawili. Binti yake mdogo ndiye aliyetutafsiria. Tulisali kwanza, kila mmoja kwa lugha yake, kisha mama akamimina mbegu kavu za kakao kwenye ungo na kutuonyesha namna ya kuchambua. Hapo hatukuhitaji mkalimani, maana ni kama kuchambua mchele: vijiwe, vijiti na mbegu zilizooza hutupwa kando.

Kakao hiyo haikulimwa Oaxaca kwenyewe. Nyingi inayotumika huko hutoka majimbo ya Chiapas na Tabasco, yenye joto na mvua nyingi. Mwenzetu mmoja, mzaliwa wa Kyela, alizichota mbegu zile kwa kiganja, akazinusa, akasema, "Hizi nazijua. Nimezifukuzia kuku utoto wangu wote."

"Na chokoleti yenu huko ikoje, dada?" binti akauliza.

"Nyumbani sikuwahi kuionja. Ya kwanza nilikula Mbeya mjini, nikiwa kidato cha tatu, nayo ilikuwa imetoka Uingereza."

Mama alipotafsiriwa maneno hayo aliweka ungo chini. Alidhani binti yake amekosea kutafsiri, akamwambia aulize tena.

Basi tukaanza kukaanga. Kikaango chao ni cha udongo, bapa kama sinia, nacho hupakwa maji ya chokaa kabla ya kutumika. Moto uwe mdogo, na mkono usiache kugeuza. Mwanzoni harufu ni ya uchachu kidogo, kama siki. Baadaye inageuka kuwa harufu ya mkate unaookwa, na mbegu zinaanza kupasuka moja moja kama bisi. Mama hakutazama saa. Alisikiliza tu, na milio ilipozidi akaziepua. Humenywa zikiwa bado na joto, ganda linatoka kwa vidole, halafu unapepeta kwa ungo. Maganda hayatupwi, huchemshwa yakawa kinywaji chepesi.

Kisha likaja jiwe. Ni jiwe jeusi la volkano lenye miguu mitatu, limeinama upande mmoja, na mwenzake ni jiwe refu la kushika kwa mikono miwili. Mama alitandika mkeka, akapiga magoti, akaweka makaa machache chini ya jiwe. Sisi tuliowaona bibi zetu wakisaga ulezi tuliutambua mkao ule mara moja. Hata Bwana wetu alipotoa mfano wa wanawake wawili wakisaga pamoja, wasikilizaji wake waliifahamu kazi hiyo vizuri. Lakini makaa yalitushangaza, mpaka tulipoelezwa. Karibu nusu ya punje ya kakao ni mafuta, na mafuta hayo huyeyuka kwa joto dogo tu, hata la mdomoni. Jiwe likipata moto, unga hautoki kabisa. Unaona punje zinavunjika, zinakuwa kama tope, halafu ghafla zinaanza kung'aa na kuteleza kama uji mzito.

Ghafla tunasema, lakini mgongo una maoni yake. Robo saa ya kwanza tuliimba pambio. Robo saa ya pili tulinyamaza. Mama alituangalia kwa huruma, akatuonyesha kwamba nguvu haitoki mikononi bali kiunoni: unasukuma kwa uzito wa mwili wote, unarudi bila kukandamiza. Alisaga peke yake zaidi ya tulivyosaga sisi wanne, huku akizungumza.

Mwisho huongezwa sukari na mdalasini, ule mwembamba unaovunjika kwa vidole kama wa Zanzibar, na wenye uwezo huweka lozi. Hivyo ndivyo ilivyo tangu walipofika Wahispania, ambao waliuteka mji mkuu wa Waazteki mwaka 1521. Kabla ya hapo watu wa nchi hiyo waliinywa kakao bila sukari, mara nyingi pamoja na mahindi au pilipili, na mbegu zake zilitumika hata kama fedha sokoni.

Tukiwa tunasaga, tulikumbushana kisa kimoja cha kanisani. Thomas Gage, mtawa Mwingereza aliyeishi sehemu hizo katika miaka ya 1620 na 1630, aliandika katika kitabu chake cha mwaka 1648 kwamba mabibi wa mji mkuu wa Chiapas walikuwa wakiletewa chokoleti ya moto na watumishi wao katikati ya misa, wakidai matumbo yao ni dhaifu. Askofu akakataza, akatishia kuwatenga. Mabibi wakahamia makanisa ya watawa. Baadaye askofu aliugua akafa, na uvumi ukasema alitiliwa sumu katika kikombe cha chokoleti. Hatusemi kwamba ni kweli. Tunasema tu kwamba huko Ulaya viongozi wa kanisa walibishana miaka mingi kama kinywaji hiki kinavunja mfungo, na mwaka 1664 Kadinali Brancaccio alichapisha kitabu kizima kutetea kwamba hakivunji.

Saa ya kunywa ilipofika, mama alichemsha maji katika mtungi, akatia bonge la chokoleti, akachukua kijiti chenye kichwa kilichochongwa na kukizungusha kati ya viganja. Huo ni upekecho, akina mama! Una madoido mengi kuliko wetu, lakini kazi ni moja. Hupekechwa mpaka povu lijae juu, na asiyetoa povu huhesabiwa kuwa bado hajajua. Tulikunywa na mkate mtamu wa mayai, tukichovya. Si tamu kupindukia, ina chengachenga ulimini, na inashibisha. Hiki ndicho kinywaji cha harusi, cha ubatizo, na cha usiku wa msiba, wanapokesha na wafiwa. Mama alisema wakati mumewe alipofariki, majirani walileta chokoleti kabla hata hajaanza kufikiria atawapa watu nini.

Jioni alitupeleka mjini, kwenye barabara ya Mina karibu na soko, na hapo ndipo tuliposimama kwa muda mrefu kuliko mahali pengine popote. Kuna vinu vya mashine vimepangwa pale, na mtaa mzima unanukia. Mtu huja na kakao yake, sukari yake na mdalasini wake, hupimiwa na kusagiwa, akaondoka na chokoleti yake ikiwa bado ya moto, kwa kipimo cha nyumbani kwake. Ni sawasawa na sisi tunavyopeleka mahindi mashineni. Siku hizi, alisema mama, jiwe ni la kazi ndogo na la kufundishia. Kwa harusi ya watu mia mbili huenda kinuni kama wengine.

Kwetu tumezoea kudhani kwamba kati ya mkulima na chokoleti lazima kuwe na bahari na kiwanda. Viwanda vyenyewe si vya zamani sana. Mholanzi van Houten alipata hati ya mashine ya kukamua mafuta ya kakao mwaka 1828, na kampuni ya Fry ya Bristol ilitengeneza chokoleti ya kipande, ya kutafuna, mwaka 1847. Fry na Cadbury walikuwa Wakristo wa Quaker, na waliona kakao ni kinywaji chema cha kuwaondoa watu kwenye pombe. Hata hivyo Cadbury iliendelea kununua kakao ya kisiwa cha São Tomé hadi mwaka 1909, miaka kadhaa baada ya wenye kampuni kusikia kwamba inavunwa na watu waliotolewa Angola na kufanyishwa kazi kwa nguvu. Nia njema ya mnywaji haikumfikia mvunaji haraka.

Sasa turudi Kyela, maana huko ndiko kunakolimwa kakao nyingi zaidi nchini Tanzania. Kwao mwenzetu, mama yake ndiye aliyekuwa akipasua matunda, kuzivundika mbegu chini ya majani ya migomba siku tano au sita, kuanika, kuanua mvua ikija, kuanika tena. Watoto walifyonza ule utando mweupe mtamu wa mbegu, na hiyo ndiyo faida ya mdomo waliyoijua. Wapo mpaka leo wanaouza kakao ikiwa mbichi, kwa bei ya chini, kwa sababu ada ya shule haingoji jua. Mwaka 2024 bei katika masoko ya dunia ilipita dola 10,000 kwa tani, baadaye ikashuka sana. Hatuwezi kumwambia mama wa Kyela asiuze. Tunamwambia abakize kilo mbili za nyumbani, zilizovundikwa na kukaushwa vizuri, na kikundi cha akina mama kifikirie jambo la kinu. Mashine ya mahindi haifai, kwani mafuta ya kakao yataiziba. Ile inayosaga karanga ndiyo yenye kufaa, na pale isipokuwepo, kinu na mchi vitaanza na jiwe litamalizia.

Kwa wanaotaka kujaribu: chukua nusu kilo ya kakao kavu, uichambue. Kaanga kwa moto mdogo hadi ipasuke na ganda liachie. Usifupishe hatua hii, kwa kuwa mbegu zilizoanikwa chini hubeba vijidudu. Menya, pepeta. Saga ikiwa na joto hadi iwe laini na kung'aa. Changanya na nusu kilo ya sukari na vijiti vitatu vya mdalasini vilivyotwangwa, usage tena kidogo. Lozi ni ghali, ziache. Finyanga mabonge madogo yanayoenea kiganjani, yapange juu ya karatasi safi yakauke usiku kucha. Bonge moja hutosha kikombe kimoja cha maji ya moto au maziwa. Tia, pekecha, mpe mtoto kabla povu halijashuka. Yanayobaki yafunge kwa karatasi na kuyaweka mahali pakavu, mbali na vitunguu na samaki, kwa kuwa mafuta ya kakao huvuta kila harufu iliyo karibu.