Jaji Anaposoma Hati ya Wakfu

Mwanafunzi wa isimu hufundishwa mapema kuwa neno halina maana nje ya watu walitumiao. Ningependa somo hilo lifike mahakamani, hasa pale mahakama ya juu inapoikagua ya chini katika mashauri ya wakfu.

Mwaka 1894 Baraza la Faragha mjini London, mahakama ya mwisho ya rufaa kwa makoloni zama hizo, lilipokea shauri kutoka Bengal. Ndugu wawili Waislamu walikuwa wameweka mali yao wakfu iwafae watoto na vizazi vyao, na vizazi hivyo vikikatika, iwaendee wajane, mayatima na mafukara. Baraza liliubatilisha wakfu huo likisema kuwa fungu la mafukara lilikuwa la mbali mno, kiini macho tu. Katika sheria ya Kiingereza, hisani ni kuufaa umma. Kumlisha mwanao si hisani. Kwa Mwislamu, kumkimu jamaa ni sadaka yenye thawabu. Neno moja, maana mbili, na aliyekuwa juu ndiye aliyechagua.

Huko India kosa hilo lilirekebishwa kwa sheria ya mwaka 1913, lakini sheria hiyo haikuvuka bahari. Shauri la Bakhshuwen lililotoka Kenya lilipoamuliwa London mwaka 1951, Baraza liliifuata hukumu ileile ya 1894. Waislamu wa pwani yetu ni Mashafii kwa wingi, ilhali wale wa Bengal ni Mahanafi. Hata hilo halikuwafaa. Wakfu wa jamaa ulipata kinga hapa nchini kwa kutungiwa sheria, si kwa hekima ya majaji.

Msomaji asidhani ninaupinga usimamizi wa mahakama ya juu. Kifungu cha 165 cha Katiba ya 2010 kinaipa Mahakama Kuu uwezo wa kuitisha kumbukumbu za mahakama ya chini na kutoa amri za kuhakikisha haki inatendeka. Uwezo huo ni ngao. Mutawalli akiondolewa bila kusikilizwa, au hakimu akiamua jambo lisilo katika mamlaka yake, pana haja ya jicho la juu. Lakini kusimamia si kusikiliza rufaa. Msimamizi huuliza kama mipaka na taratibu zimefuatwa. Haifai autumie mlango huo kuingiza tafsiri yake ya hati mahali pa tafsiri ya aliyeisikiliza kesi.

Rufaa nayo ina pengo lake. Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Madai inaagiza kwamba katika rufaa itokayo kwa kadhi, Kadhi Mkuu au makadhi wawili waketi na jaji wakiwa washauri. Ni busara kubwa. Bahati mbaya, kifungu cha 170 cha Katiba kinayataja mambo ya kadhi kuwa hadhi ya mtu, ndoa, talaka na urithi. Wakfu haumo. Kwa hiyo ugomvi kuhusu kiwanja cha wakfu huweza kuanzia kwa hakimu na rufaa yake ikaishia katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi, ambako sharti la washauri wa aina hiyo halipo. Yaani pale ambapo jaji anauhitaji zaidi mwongozo, ndipo sheria imemwacha peke yake na mfasiri.

Na kazi ya mfasiri huyo si nyepesi. Hati inaweza kuwa ya Kiarabu, au ya Kiswahili kilichoandikwa kwa herufi za Kiarabu. Chukueni neno 'aulad', na jingine 'dhuria'. Yote mawili yanaweza kufasiriwa 'watoto na vizazi', na kumbe wanavyuoni wamebishana karne nyingi kama watoto wa binti wanaingia katika la kwanza kama waingiavyo katika la pili. Mfasiri akiyasawazisha, tawi zima la ukoo linaweza kupoteza pango la nyumba, na hakuna rufaa itakayoliona kosa hilo, maana majaji wa juu husoma tafsiri ileile.

Bunge lingeweza kuliziba pengo hili kwa kifungu kimoja tu: popote shauri la wakfu litakapokatiwa rufaa, jaji aketi na washauri wanaoijua fikihi, na hati ya asili iwekwe mbele yao pamoja na tafsiri.