Nani atafunika shimo? Sange, Ghuba ya Mexico na mafuta ya ziwa letu

Tarehe 2 Julai 2010, saa za jioni, kamioni iliyobeba esansi ilipinduka pale Sange, kilomita chache kusini mwa Luberizi, kwenye barabara ya kitaifa namba 5. Mafuta yakaanza kumwagika kando ya nyumba. Watu wakatoka na bidoni, beseni na sufuria ili kuyachota. Wengine walikuwa wamejaa katika vyumba vya video wakitazama mechi ya Kombe la Dunia. Muda si mrefu moto ukalipuka. Watu zaidi ya 230 walikufa, wakiwemo wamama na watoto wengi. Kesho yake wakazikwa katika makaburi ya pamoja, na majeruhi wakapelekwa Uvira na Bukavu.

Sisi wa Uwanda wa Ruzizi hatuhitaji kuelezwa habari hiyo. Lakini kuna jambo ambalo wengi wetu hatukulijua wakati ule. Siku ile ile Sange ilipoungua, katika Ghuba ya Mexico, upande wa Marekani, mafuta yalikuwa yakitoka chini ya bahari kwa siku ya 73 bila kufungwa. Maafa hayo mawili yalitokea katika majira mamoja. Nayaweka pamoja leo kwa sababu neno la mafuta limeanza kusikika pia juu ya Ziwa Tanganyika, na makanisa yetu yanapaswa kulifikiri kabla ya mashine kufika.

Kilichotokea Ghuba ya Mexico

Deepwater Horizon ulikuwa mtambo mkubwa wa kuchimba mafuta, unaoelea juu ya bahari. Mwenyewe alikuwa kampuni ya Transocean, na kampuni ya BP ndiyo iliyoukodi. Mahali hapo kina cha maji ni kama mita 1,500, na kisima kiliingia chini zaidi ndani ya mwamba. Kazi ilikuwa imechelewa kwa wiki kadhaa, na kila siku ya kuchelewa ilikuwa gharama kubwa. Tarehe 20 Aprili 2010 wafanyakazi walipima shinikizo la kisima. Vipimo vilionyesha kwamba kuna hatari, lakini vikasomwa vibaya na kazi ikaendelea. Usiku gesi ikapanda kwa nguvu, ikalipuka. Mdomoni mwa kisima kulikuwa na kifaa kikubwa cha chuma ambacho kazi yake ni kukaba bomba wakati wa hatari. Kilishindwa. Watu 11 walikufa, na baada ya siku mbili mtambo ukazama.

Mafuta yalitoka siku 87, hadi tarehe 15 Julai. Wataalamu wa serikali ya Marekani walikadiria mapipa milioni 4.9, baadaye hakimu akahesabu kwamba yaliyobaki baharini yalikuwa milioni 3.19. Fukwe za majimbo 5 zilichafuka. Wavuvi walikatazwa kuvua katika eneo lililozidi theluthi moja ya maji ya ghuba yaliyo chini ya serikali kuu. Ndege, kasa na pomboo wakafa. Tume iliyoundwa na Rais Obama ilichunguza, ikasema wazi kwamba maamuzi mengi yaliyofanywa yaliokoa muda na fedha huku yakiongeza hatari.

Angalieni sasa yaliyofuata. Katika Juni 2010, kisima kikiwa bado wazi, BP ilikubali kuweka kando dola bilioni 20 kwa ajili ya waliopata hasara. Mwaka 2012 ilikiri mashtaka ya jinai juu ya vifo vya wale watu 11. Mwaka 2016 mahakama ilithibitisha mapatano ya dola bilioni 20.8 pamoja na serikali kuu na majimbo. Fedha hizo hazikuwafufua waliokufa. Lakini kulikuwa na tume, hakimu, hesabu, na jina la mwenye kosa lililoandikwa. Waulizeni wajane wa Sange kama wanakumbuka kesi ya namna hiyo.

Kwa nini nazungumza leo

Tarehe 28 Julai 2022, huko Kinshasa, serikali yetu ilifungua mnada wa vitalu 27 vya mafuta na vitalu 3 vya gesi. Vile vya gesi viko Ziwa Kivu. Katika vile vya mafuta, 11 vilikuwa katika bonde la Tanganyika, yaani upande wetu. Mnamo Oktoba 2024 mnada wa mafuta ukafutwa: maombi yalikuwa machache, mengine yalichelewa au hayakufuata utaratibu. Wengi wakapumua. Lakini mwaka 2025 serikali ilitangaza vitalu vingine 52, sehemu kubwa katika misitu ya Bonde la Kati. Kwa hiyo nia haijafa. Burundi na Tanzania nazo zimewahi kutoa vibali vya utafiti katika sehemu zao za ziwa. Uganda iligundua mafuta ya biashara kando ya Ziwa Albert tangu 2006, na Ziwa Albert ni ndugu wa Tanganyika: yote mawili yako katika ufa uleule wa nchi.

Mtu atasema: Mchungaji, watu wanakimbia vita, wanalala nje, nawe unatuletea habari za mafuta ambayo hayajachimbwa? Nakubali kwamba mwenye njaa ya leo hana nafasi ya kufikiri hatari ya kesho. Lakini huo ndio wasiwasi wangu. Mikataba hutiwa sahihi mbali, na watu waliotawanyika hawana nafasi ya kuisoma. Wakirudi nyumbani, wanakuta vigingi vimekwisha kupigwa.

Ziwa si bahari

Ghuba ya Mexico imefunguka kwenye bahari kuu. Mawimbi, joto na vijidudu vilisaidia kuyavunja mafuta, na hata hivyo madhara yalidumu miaka. Ziwa Tanganyika liko namna nyingine. Urefu wake ni kama kilomita 670, na kina chake kinafika mita 1,470, karibu sawa na mahali mtambo ule ulipolipuka. Mlango wake wa kutokea ni mmoja tu, mto Lukuga karibu na Kalemie. Sehemu kubwa ya maji hupotea kwa mvuke, na mvuke haubebi uchafu. Wataalamu wanahesabu kwamba maji hukaa ziwani kwa mamia ya miaka kabla ya kubadilika. Tena, kutoka kina cha kama mita 200 kwenda chini hakuna oksijeni, na pasipo oksijeni mafuta huoza polepole sana. Kinachoingia humo wajukuu wetu watakikuta.

Na ni maji gani hayo? Ni karibu sehemu moja ya sita ya maji baridi yote yaliyo juu ya uso wa dunia yasiyo barafu. Nchi 4 zinayagusa: Kongo, Burundi, Tanzania na Zambia. Ndakala na mukeke zinazouzwa Uvira, zinazopanda barabara hii hadi Luberizi, Kamanyola na Bukavu, zinatoka humo. Wamama wanaouza samaki hao wanalipa karo za watoto kwa faida hiyo. Wengine kando ya ziwa wanakunywa maji yake jinsi yalivyo. Marekani waliwakataza wavuvi kuvua, kisha wakawalipa. Hapa kwetu, siku wavuvi wa Uvira na Fizi watakapoambiwa wasivue, watakula nini jioni ile?

Neno la Mungu linasema nini

Biblia haina habari ya mitambo ya mafuta, lakini ina habari ya mashimo. Katika Kutoka 21, mtu akichimba shimo na kuliacha bila kifuniko, na mnyama wa jirani akatumbukia, aliyechimba ndiye anayelipa hasara. Haulizwi kama alikusudia. Faida ya kuchimba ilikuwa yake, basi na hasara ni yake. Mungu aliweka kanuni hiyo kwa ajili ya ng'ombe mmoja na punda mmoja. Je, ziwa zima?

Kumbukumbu la Torati 22 linatangulia zaidi. Mtu akijenga nyumba, aweke ukingo juu ya dari, ili damu ya mtu atakayeanguka isiwe juu ya nyumba yake. Ukingo unawekwa wakati wa kujenga, kabla hajaanguka mtu yeyote. Deepwater Horizon ilikuwa na ukingo, lakini haukutunzwa wala kujaribiwa inavyopaswa, na haraka ya fedha ikaushinda.

Neno la tatu liko katika Luka 13. Mnara wa Siloamu ulianguka, ukaua watu 18, na Yesu akakataa wazo kwamba waliokufa walikuwa wakosaji kuliko wengine wa Yerusalemu. Nalikumbuka neno hilo kwa aibu, kwa sababu baada ya moto wa Sange niliwasikia watu, hata ndani ya makanisa, wakisema kwamba waliokufa walikuwa wezi wa esansi. Nami nilikuwa kijana niliyetoka kusoma teolojia, nikanyamaza. Mama aliyekimbia na bidoni ya lita 5 hakuwa mwizi aliyepatwa na hukumu. Alikuwa maskini aliyeona kitu cha thamani kikipotea mlangoni pake, na hakuna aliyewahi kumfundisha kwamba mvuke wa esansi unawaka kwa cheche moja tu. Wengine waliungua wakiwa ndani ya nyumba zao. Tukiwalaumu waliokufa, hatutauliza kuhusu barabara, gari, wala mwenye mzigo.

Je, tukatae mafuta?

Sisemi mafuta ni dhambi. Pikipiki inayonipeleka kwa wagonjwa inatumia esansi. Vijana wetu wanahitaji kazi, na Kongo inahitaji shule na hospitali. Lakini mfano tunao ndani ya nchi yetu. Huko Muanda, kwenye pwani ya Atlantiki, mafuta yanatoka tangu miaka ya 1970, nchi kavu na baharini. Wenyeji wamelalamika miaka mingi juu ya maji, hewa na mashamba. Mwaka 2022 mashirika mawili, Sherpa na Les Amis de la Terre, yalifungua kesi Paris dhidi ya kampuni ya Perenco, na kampuni inakana. Mahakama itasema. Ila tayari tunaona kitu kimoja: malalamiko ya kijiji cha Kongo yamelazimika kwenda hadi Ufaransa ili kutafuta hakimu. Anayeahidiwa utajiri wa mafuta na aulize kwanza watu wa Muanda wanaishije.

Yaliyo mikononi mwetu

Kwanza, tujue sheria zetu. Ibara ya 53 ya Katiba inampa kila mtu haki ya kuishi katika mazingira safi, na inamwekea pia wajibu wa kuyatetea. Ibara ya 54 inasema kwamba uchafuzi unaotokana na biashara ni lazima ulipwe. Sheria ya mazingira ya Julai 2011 inataka mradi wenye madhara uchunguzwe kwanza, na wenyeji waulizwe. Kanisa lenye mwanasheria hata mmoja, au mwalimu mmoja mwenye kusoma Kifaransa, laweza kufundisha ibara hizo kwa Kiswahili na Kifuliiru katika kikao kimoja cha Jumamosi.

Pili, tuombe ukingo kabla ya dari. Kampuni yoyote itakayotaka kuchimba ziwani iweke fedha ya dhamana mahali panapojulikana, kabla ya kisima cha kwanza. Fedha inayotafutwa baada ya ajali ina njia nyingi za kupotea. Wabunge wetu na sosiete sivile waulizwe jambo hilo kwa jina.

Tatu, tusiwe peke yetu. Nchi 4 za ziwa zilitia sahihi Mkataba wa Ziwa Tanganyika mwaka 2003, na mamlaka ya ziwa ina makao yake Bujumbura. Makanisa yetu yana ndugu Bujumbura, Kigoma na Mpulungu. Tunaitana kwa semina na kwaya. Tuitane pia kwa ajili ya maji tunayokunywa pamoja. Mafuta yakimwagika upande mmoja, upepo hautaomba pasi mpakani.

Nne, tuanzie barabarani petu. Esansi inauzwa katika chupa karibu na majiko ya makaa. Kamioni za mafuta zinapita katikati ya masoko yetu. Kila kanisa la mahali kwenye barabara hii linaweza kufundisha, hasa watoto wa shule ya Jumapili: kamioni ya mafuta ikipinduka, kimbieni mbali, msichukue bidoni, msiwashe simu wala sigara. Jumapili iliyo karibu na tarehe 2 Julai tulifundishe hilo kila mwaka, na tuwaombee wafiwa bila neno la kuwahukumu.

Wapendwa, watu wa Sange hawakupata mtu wa kuwaonya mapema. Sisi tumeonywa mara mbili, kwa moto ulio karibu na kwa maafa ya mbali. Siku mtu atakapokuja kutuambia kwamba shimo litachimbwa ndani ya Tanganyika, tusimame tukiwa tunajua swali la kumwuliza: kifuniko kiko wapi, na ni nani atakayelipa? Mungu atupe ujasiri wa kuuliza mapema. Amina.